Kutoka Malindi hadi Lenana: uzoefu wangu na njia ya Sirimon

Mimi ni mtu wa Malindi. Baridi niijuayo ni ile ya kusi ya Julai, watu wa Shela wanapotoa masweta sandukuni na kuanza kulalamika. Kwa hiyo ukisoma haya na wewe ni mwenyeji wa Nyeri au Meru, nivumilie.

Tulikuwa wawili, mimi na shemeji yangu, tukikitaka kilele cha Lenana, Mlima Kenya. Mazoezi tulifanyia Marafa, kule Nyari, tukishuka na kupanda makorongo huku tumebeba chupa za maji mgongoni. Miguu ilifaidika. Mapafu hayakupata kitu, maana Marafa bado ni chini.

Kampuni tuliyoichukua Nanyuki ilitusukuma tununue safari ya siku tatu. Shemeji akakataa, akaongeza siku ya nne ya kupumzika juu, na hizo ndizo pesa zilizotumika vizuri kuliko zote. Lango la Sirimon lenyewe liko kama mita 2,650. Siku hiyo unatembea kilomita 9 za barabara hadi kambi ya Old Moses, mita 3,300. Kesho yake unalala kambi ya Shipton, mita 4,200. Sisi siku chache nyuma tulikuwa tunakula viazi karai ufukweni! Usiku ule wa kwanza Shipton shemeji alishikwa na kichwa, akatapika chai. Kiongozi wetu alimkagua, akampa maji, akasema ikizidi tunashuka usiku huo huo, hakuna mjadala. Siku ya mapumziko tukapanda kidogo tu na kurudi kulala pale pale, na jioni nikamwona anaomba wali mara ya pili.

Kiongozi na wapagazi nawapa alama zote. "Watu wa Pwani, pole pole," ndiyo ilikuwa salamu yake kila tukijitia haraka. Ofisi yao ndiyo iliyoniudhi: niliahidiwa mfuko wa kulalia wa baridi kali, nikapewa wenye zipu iliyokufa. Nililala na koti, soksi jozi mbili na kikoi shingoni. Kagueni vifaa mkiwa bado mjini, zipu moja moja.

Viatu vilikuwa kosa langu. Nilivinunua mtumba miaka miwili nyuma, ngozi safi, nikaviweka chini ya kitanda nikivitunzia safari. Unyevu wa kwetu hula gundi na soli kimyakimya huku juu kiatu kinang'aa. Tulipovuka bonde la Liki Kaskazini, soli ya kulia ikaanza kupiga makofi. Mbele kidogo ikafunguka yote hadi kisigino, ndani inapukutika kama mkate mkavu. Mpagazi mmoja akatoa mpira wa tyubu ya baiskeli, akaukata, akakizungusha kiatu vile bodaboda wanavyofunga kreti za soda. Nilifika kileleni na mpira huo na nikashuka nao.

Bonde la Mackinder ndilo lililonifanya nisahau viatu. Mimea ya lobelia imesimama kila mahali, na asubuhi ukitia kidole katikati ya majani ya ile fupi unakuta kipande cha barafu juu na maji chini yake. Pimbi wa Shipton hawana haya, wanakuja hadi kwenye sahani. Mbele yako kilele cha Batian, mita 5,199, lakini huko ni kwa kamba na watu wa kazi hiyo. Sisi watembea kwa miguu mwisho wetu ni Lenana, 4,985.

Tuliondoka saa nane na nusu usiku. Hapo sina mengi ya kueleza: giza, kokoto zinazoteleza, hatua mbili mbele moja nyuma, tochi ya kichwani ikimulika visigino vya mwenzako. Jua lilipochomoza tuliiona Kilimanjaro, kama kivuli kilichochorwa kusini. Nilitoa halua niliyoibeba kutoka nyumbani; ilikuwa ngumu kama jiwe, tukainyonya.

Pale juu kiongozi akatusimulia Waitaliano watatu, mateka wa vita waliofungwa Nanyuki, ambao mwaka 1943 walitoroka kambini, wakapanda mlima, wawili wao wakaacha bendera yao Lenana, kisha wote wakarudi wenyewe kambini. Alitarajia tushangae. Shemeji, aliyefanya kazi miaka mingi na Waitaliano wa Malindi, alitikisa kichwa tu: "Hao ndio wenyewe."

Kiingilio cha hifadhi kinalipwa kwa eCitizen, mtandao wa malipo ya serikali, na raia wa Kenya hulipa kidogo kuliko mgeni, kwa hiyo beba kitambulisho. Usiende wakati wa masika. Na jaketi la mvua lisikose hata kama mbingu ni nyeupe.

Viatu nilivipeleka kwa fundi sokoni niliporudi. Alivigeuza, akauvuta ule mpira ukalia pwa, akaniuliza kama naweza kumwachia mpira.