Picual ya Jaén: mafuta ya zeituni yanayokohoza

Kwetu Tanga chupa ya mafuta ya zeituni ilikaa kabatini, kando ya dawa ya kikohozi. Kifua kikibana, mama anakuchua nayo. Hakuna aliyewaza kuyala. Basi hapa Madrid nilipoonja kijiko cha kwanza cha Picual, nikakohoa mara tatu, machozi yakanilengalenga. Nikajua nimeuziwa mabovu.

Kumbe ndivyo yalivyo. Picual ndiyo aina ya mzeituni inayopandwa zaidi Hispania, na makao yake makuu ni mkoa wa Jaén, Andalusia. Jina limetokana na ncha ya tunda, iliyochongoka. Uchungu na ule ukali wa kooni ni wa polifenoli, viambato vya asili vya zeituni, ambavyo pamoja na wingi wa asidi ya oleiki, aina ya mafuta isiyoharibika upesi, huyafanya mafuta haya yachelewe sana kuchacha.

Oktoba nilipanda basi kwenda huko. Ukishavuka Despeñaperros, njia ya milimani ya kuingilia Jaén, ni mizeituni tu, safu kwa safu hadi juu ya vilima. Nikakumbuka mkonge wa Korogwe. Mwezi huo zeituni huchumwa zingali mbichi. Mafuta hutoka kidogo, kwa hiyo bei inauma: nusu lita yuro 12, chupa nyeusi, imeandikwa "virgen extra", yaani yamekamuliwa bila kemikali na asidi yake huru, ile iliyojitenga na mafuta, haizidi asilimia 0.8. Nikabeba pia dumu la lita 5 la mavuno ya baadaye, la kupikia.

Yale ya kijani yananukia jani la mnyanya, kama umevunja kikonyo sasa hivi. Kwenye kachumbari hayana mpinzani. Maharage nayo: yakishaiva, zima moto, mimina kijiko kimoja, funika. Ya dumu nakaangia samaki, yanastahimili moto vizuri, wala jikoni hakujai moshi. Maandazi ndiyo yalinishinda. Uchungu uliingia kwenye donge, watoto wakayatafuna wakinitazama. Kwa keki na maandazi sasa natumia Arbequina, aina ya Katalunya, laini na tamu kidogo, ila haikai muda mrefu kama Picual.

Angalieni mnaponunua. Kabla ya safari ile niliwahi kuchukua Picual kwenye duka moja la mtaani, chupa nyeupe, rafu iko dirishani jua linapiga. Yalinuka karanga za mwaka juzi. Mwanga unaua mafuta yoyote, hata haya magumu. Siku hizi nageuza chupa kwanza nitafute tarehe ya mavuno. Isipoandikwa, narudisha rafuni.

Desemba nilimpelekea mama nusu lita ya yale ya kijani, na maelezo marefu ya kachumbari. Juzi nimempigia simu kuuliza. Anasema ni mazuri, yanapakika vizuri kifuani.