Nusu siku juu ya Ziwa Kivu pamoja na mzee msimulizi: uzoefu wangu

Nimezaliwa Goma, maji ya Kivu nimeyachota tangu kidumu changu kikiwa cha lita tano, lakini sikuwahi kumlipa mtu anitembeze kwenye ziwa ninaloliona kila nikifungua mlango. Dada yangu alipokuja likizo kutoka Kisangani na watoto wake wawili, ndipo tukachukua safari ya nusu siku: boti ya mbao yenye injini, kijana mwongozaji, na mzee mmoja aliyekuwa mvuvi, ambaye sasa kazi yake ni kusimulia. Tulilipa dola 60 kwa watu wanne, chai na sambaza, wale samaki wadogo wa ziwa, za kukaanga zikiwa ndani ya bei hiyo.

Boti haikutusumbua. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi tulikuwa tumeshaacha ufuko, na njiani tukapishana na wavuvi wakirudi, mitumbwi mitatu mitatu imeunganishwa kwa miti mirefu, wanaimba ili makasia yaende pamoja. Mzee akatuambia kwamba baba yake alivua ziwa hili kabla ya sambaza, maana samaki hao waliletwa kutoka Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950. Mimi nilidhani wamekuwepo tangu dunia kuumbwa.

Kisha akaanza hadithi. Zamani hapa palikuwa bonde kavu. Imana, yaani Mungu, akampa mtu mmoja mwema ng'ombe ambaye ukimkamua anatoa maziwa, na mtama, na maharage, kwa sharti kwamba siri isitoke nyumbani. Mume akaitwa kufanya kazi kwa mwami, yaani mfalme. Mke akabaki, akaingiza mwanaume mwingine, na siri ikatoka. Usiku yule mama akaamka kwenda haja ndogo, maji yakagoma kukoma. Yakajaza shamba, yakajaza bonde, yakamzamisha mwenyewe. Watoto walicheka mpaka boti ikatikisika. Mzee hakukasirika, alisubiri wanyamaze, kisha akawauliza: "Sasa ni nani alikosa, ni mama peke yake?" Walibishana mpaka tukafika nchi kavu.

Tulishuka magharibi ya mji, upande wa kwenda Sake, na sehemu hii ndiyo ninayotaka kila mzazi wa Goma aione. Kuna shimo katikati ya mawe ya volkano, majani ya chini yamekauka huku ya juu ni mabichi, na ndani amelala ndege mdogo, amekufa bila jeraha. Watoto walibaki juu, mbali, wameshikwa mikono. Mzee akafunga nyasi kavu kwenye ncha ya fimbo ndefu, akaziwasha. Juu ya shimo moto uliwaka vizuri. Akaushusha polepole, ukafifia. Akaushusha kidogo tena, ukazimika papo hapo, bila upepo wowote, kama umebanwa kwa vidole. Moshi wake haukupanda. Ulilala, ukatambaa pale pale kama maji juu ya sahani.

"Mtoto yangu," aliniambia, "ziwa hii haina mamba, lakini iko na pumzi. Mazuku haipigi hodi."

Mazuku, upepo mbaya. Bibi yangu alitukataza kulala chini na kuingia mabondeni kabla jua halijapanda, nami ukubwani niliyaweka maneno hayo pamoja na habari za wachawi. Kumbe ni kaboni dioksidi inayotoka ardhini: haionekani, ni nzito kuliko hewa tunayovuta, usiku hujikusanya mahali pa chini, jua na upepo vikija hutawanyika. Ndiyo maana huwaua kwanza mbuzi na watoto. Wazee wetu hawakuwa na jina la kisayansi, lakini makatazo yao yalikuwa sahihi.

Kijana mwongozaji naye nampa haki yake, maana alizijua namba. Ziwa lina kina kinachopita mita 470, na huko chini imeyeyuka kaboni dioksidi kama kilomita za ujazo 300 na methani, gesi inayowaka, kama 60, zimebanwa na uzito wa maji. Wenzetu wa Rwanda wanaitumia methani hiyo kupata umeme. Mtambo wa KivuWatt unatoa megawati 26 tangu 2016. Alitukumbusha pia Ziwa Nyos la Kameruni, lililotoa pumzi yake, yaani kaboni dioksidi, Agosti 1986 na kuua watu wapatao 1,700. Dada yangu alinyamaza muda mrefu.

Lakini kijana huyo huyo alifungulia muziki kwa sauti kubwa wakati wa kurudi, mzee akiwa katikati ya maneno. Nilimwomba azime, akazima, dakika kumi baadaye akawasha tena. Hilo liliniuma.

Lililonikasirisha zaidi ni jaketi za kuokolea maisha. Tulikuwa sita ndani ya boti, jaketi zilikuwa tano, na moja kamba yake imekatika. Tangu Oktoba 2024, boti iliyotoka Minova ilipozama mbele ya bandari ya Kituku hapa Goma watu wakiiangalia kutoka ufukoni, hakuna mtu wa Goma anayeweza kusema hajui. Nimewaandikia wenye boti, wamenijibu kwamba wataongeza. Nitarudi na watoto wangu siku nitakapoziona jaketi sita nzima kwa macho yangu, na ya kwanza avalishwe mzee, kwa sababu siku ile aliyekaa bila jaketi kwenda na kurudi alikuwa yeye.