Projekta ya kukodi Ngamiani, nimeipima kwa kazi za Hong Kyung-pyo

Mimi napiga video za harusi Tanga, hasa shughuli za akina mama ambako kamera ya mwanamume haiingii. Projekta hii ya Barabara ya 10 nimeikodi mara nyingi kwa ajili ya kumbi. Safari hii niliichukua kwa ajili ya nyumbani, usiku mmoja shilingi 35,000 pamoja na kitambaa, ili wasichana wangu wawili wa kamera wamwone Hong Kyung-pyo, mpiga picha wa sinema wa Korea Kusini.

Parasite ya 2019 watu wanaijua, ilichukua Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, kisha Oscar ya filamu bora. Mwongozaji wake, Bong Joon-ho, anatajwa kila mahali. Aliyeipiga hatajwi, na ndiye huyohuyo aliyepiga Mother, Snowpiercer na The Wailing. Inaniuma.

Tulitandika mkeka uani, Makorora, tukawasha kabla ya magharibi. Hapo nilikosea: picha ilikuwa kama maziwa yaliyotiwa maji. Baada ya isha ikatulia. Tulianza na Parasite: nyumba ya tajiri ina kioo ukuta mzima na jua linamwagika sebuleni. Ile seti ilijengwa kwa kufuata jua linakopita. Maskini wana kidirisha kimoja, usawa wa barabara. Projekta ilionyesha tofauti hiyo vizuri sana. Msichana mmoja akaniuliza, "Dada, mbona taa zao hazionekani?" Nilifurahi mno, maana sisi humwekea bibi harusi taa usoni mpaka wanja unafifia.

Kisha tukaweka Burning ya 2018, aliyoipiga Hong pia, mwongozaji ni Lee Chang-dong. Kuna msichana anacheza nje jua likizama, na imepigwa kwa mwanga wa machweo wenyewe, giza likiingia kidogo kidogo. Hapa projekta ilishindwa. Bluu yote ya jioni iligeuka doa jeusi, mikono ya yule binti ikapotea. Nilirudisha mara tatu, nikabadilisha mipangilio, wapi.

Asubuhi mzee wa duka hakubisha. "Balbu imechoka, mwanangu. Ukumbini huwa hawaoni." Akanirudishia 5,000. Kwa picha za maharusi ikodini tu, inatosha. Kwa sinema yenye giza, mwambieni kwanza abadilishe balbu.

Jumamosi tuna harusi Raskazone, jioni, kando ya bahari. Wasichana wameniomba wenyewe taa ibaki kwenye begi mpaka jua lizame.