Nililipia filamu ya Sara Gómez, nikapewa nusu yake

Miezi michache iliyopita nilijiunga na huduma moja ya kutazama filamu mtandaoni kwa sababu moja tu: walikuwa nayo De cierta manera, filamu ndefu ya kwanza kuongozwa na mwanamke nchini Kuba na ya pekee ya aina hiyo aliyotuachia Sara Gómez. Alifariki kwa pumu mwaka 1974, akiwa na miaka 31, kabla hajaikamilisha, na wenzake Tomás Gutiérrez Alea na Julio García Espinosa wakaimalizia.

Kihispania sikijui, hivyo nilitegemea tafsiri ya Kiingereza inayoandikwa chini ya picha. Maneno ya Yolanda, ambaye ni mwalimu, na mpenzi wake Mario, mfanyakazi wa kiwanda cha mabasi, yalitafsiriwa vizuri. Lakini kila msimulizi alipoingia, iwe nyumba kuukuu zinabomolewa au anaeleza kuhusu Abakuá, chama cha siri cha wanaume, maandishi yalitoweka kabisa, nami nikabaki nimekodolea macho picha ambazo sikuambiwa maana yake.

Nilipolalamika, mhudumu wao alinijibu: "Ndugu mteja, sehemu hizo ni maelezo tu, hadithi inaeleweka bila hayo."

Maelezo tu! Sara Gómez alikulia kazini akitengeneza filamu fupi za hali halisi katika ICAIC, taasisi ya filamu ya Kuba, na humu aliwachanganya kwa makusudi waigizaji na wakazi halisi wa Miraflores, mtaa mpya wa watu waliohamishwa kutoka mabanda ya Las Yaguas. Msimulizi ndiye anayeeleza kwa nini mtu anaweza kupewa nyumba mpya na bado akaishi kwa mazoea ya zamani. Ukimnyamazisha, Mario anakuwa mwanamume mkaidi tu, na huwezi kuona ukaidi huo ulikotoka. Huyo mhudumu, naamini, hakuwahi kuitazama filamu anayoiuza.

Nilikusudia kuwapa nyota moja na kudai fedha zangu. Hata hivyo, haki ya mtu haifichwi: picha yenyewe ni safi, na ile sehemu ya mwisho, Mario na Yolanda wakienda zao huku wakibishana katikati ya majengo, niliirudia mara tatu usiku uleule. Kwa hilo peke yake wangestahili nyota tatu. Lakini nikikumbuka kwamba mwanamke mweusi, aliyekuwa miongoni mwa wachache mno wa aina yake katika taasisi ile, amekatwa kauli na mtu aliyeona maneno yake ni ya ziada, mkono unakataa kuandika tatu. Nyota moja. Ada ya mwezi huu nimelipa tena, kwa kuwa sijapata pengine pa kuitazama, na kila juma nawaandikia upya kuuliza tafsiri iliyobaki iko wapi.