Walowezi wa 1820: kubaki shambani au kuhamia mji wa Grahamstown?
Waingereza wapatao 4,000 walipelekwa Zuurveld, mpakani mwa Koloni la Rasi (katika Afrika Kusini ya leo), kwenye ardhi ambayo Waxhosa walikuwa wamefukuzwa kwa mtutu mwaka 1812. Dhuluma hiyo isisahaulike tunapowapima walowezi.

Aliyebaki kwenye ekari zake 100 alipanda ngano, na kutu, ugonjwa wa ukungu wa ngano, ikashambulia mashuke msimu baada ya msimu. Mafuriko ya 1823 yakasomba hata nyumba.

Aliyehamia Grahamstown alirudia useremala au uhunzi wake. Mwingine alifanya biashara na Waxhosa, akitoa shanga na vifungo, akipokea pembe za ndovu na ngozi. Kwa miaka hiyo ya mwanzo, mji ulilipa zaidi. Mashamba yaliinuka baadaye, kwa kondoo wa merino, wafugwao kwa sufu.