Coleridge au Carlyle: nani aliwafikishia Waingereza fasihi ya Kijerumani?

Samuel Taylor Coleridge, mshairi Mwingereza, na Thomas Carlyle, mwandishi Mskoti, wote wawili walitafsiri fasihi hiyo, na wote waliipenda kwa dhati. Kwa upande wa wasomaji, mimi nampa Carlyle bila kusita.

Coleridge aliifuata kwao Ujerumani. Alivuka bahari mwaka 1798 pamoja na mshairi mwenzake William Wordsworth na Dorothy, dada yake Wordsworth, akajifunza lugha, akahudhuria mihadhara chuoni Göttingen, na mwaka 1800 akachapisha tafsiri ya tamthilia za mwandishi Mjerumani Schiller kuhusu jemadari Wallenstein. Mashairi yake humo ni matamu mno, na kwa ladha ya lugha Carlyle hamfikii. Linaloniudhi ni kitabu chake Biographia Literaria cha 1817: mna vifungu vizima vilivyochotwa kwa mwanafalsafa Mjerumani Schelling bila kumtaja ipasavyo. Msomaji alimeza fikra za Kijerumani asijue mwenyewe ni nani. Hiyo ni dhuluma kwa mwandishi na kwa msomaji pia.

Carlyle alijifunza Kijerumani akiwa Scotland. Ujerumani yenyewe hakuikanyaga hadi 1852. Lakini mwaka 1824 alitoa tafsiri ya riwaya ya Goethe, mwandishi mkuu wa Kijerumani, kuhusu kijana Wilhelm Meister, na mwaka uliofuata kitabu cha maisha ya Schiller. Aliwataja mabwana hao waziwazi, akaandikiana barua na Goethe, na katika kitabu chake Sartor Resartus akawahimiza watu wafunge kitabu cha mshairi Mwingereza Byron wafungue cha Goethe. Miongoni mwa waliomsoma alikuwamo mwandishi wa riwaya Mwingereza George Eliot, ambaye naye aliwatafsiri wanafikra wa Kijerumani, Strauss mwaka 1846 na Feuerbach mwaka 1854, kabla hajaandika riwaya hata moja.