Gatha au Vendidad: uanzie wapi kuisoma Avesta?

Avesta, maandiko matakatifu ya Wazoroasta, wafuasi wa dini ya kale ya Uajemi, ina sehemu nyingi, na hizi mbili hazifanani hata kidogo.

Gatha ni tenzi 17 zilizomo ndani ya Yasna, kitabu cha ibada chenye sura 72. Lugha yake ni ya kale kuliko sehemu kubwa ya Avesta, na kwa mapokeo ni maneno ya Zarathustra mwenyewe, nabii wa dini hiyo. Ni fupi lakini ngumu. Wafasiri wanavutana mpaka leo juu ya mistari mingi. Hata hivyo zinagusa moyo. Katika Yasna 44, karibu kila ubeti unaanza na ombi lile lile: nakuuliza, Bwana, unijibu kwa kweli. Kisha maswali yanamiminika. Nani aliweka njia ya jua na nyota? Nani anaufanya mwezi ukue na kupungua?

Vendidad, yenye sura 22, ni kitabu cha sheria. Zarathustra anauliza, Ahura Mazda, yaani Mungu, anajibu: maiti, najisi, kujitakasa. Sura ya 13 inamtetea mbwa na kutaja adhabu kwa anayempa chakula kibaya.

Kwa maoni yangu, anza na Gatha, taratibu, ubeti kwa ubeti. Ila anayetaka kuelewa kwa nini Waparsi, yaani Wazoroasta wa India, huko Mumbai huweka maiti kwenye minara ya wazi, waliwe na ndege, badala ya kuwazika au kuwachoma, hatapata jibu humo. Aifungue Vendidad, kuanzia sura ya 5.